Ngozi Yangu na Matope ya Ndiva

Baka la kwanza lilitokea kwenye kiwiko cha kushoto, mwaka uleule niliorudi milimani kutoka shule ya sekondari. Lilikuwa dogo, jekundu, na juu yake palikuwa na unga mweupe kama chokaa ya ukutani iliyokwaruzwa kwa ukucha. Nililikuna. Magamba yakadondoka. Nikalikuna zaidi, likatoa damu, na baada ya siku chache likawa pana. Kipupwe kilipoisha lilikuwa limepata ndugu: kiwiko cha pili, magoti yote mawili, mgongoni, na kichwani ndani ya nywele, ambako lilinyunyiza unga kwenye mabega ya koti langu mbele ya wanafunzi.

Nilikuwa mwalimu. Waingereza walikuwa bado wanatawala, na kijana wa Kipare aliyemaliza sekondari alikuwa kitu cha kutazamwa njiani. Kutazamwa kwa sababu hiyo nilikuzoea upesi. Kutazamwa kwa sababu ya magamba kulinishinda, nikafanya kosa langu la kwanza: nikaanza kuvaa shati la mikono mirefu, vifungo hadi shingoni, jua liwake lisiwake. Nawaambia wenye ngozi kama yangu, shati lile ndilo lililonichongea. Watu walipoona mabaka waliulizana ni nini. Walipoona ninayaficha, wakajijibu wenyewe kwamba ni ukoma.

Sisi wa milimani tunaishi kwa ndiva. Mgeni akipanda kutoka Same ataona bwawa la udongo na mawe juu ya mashamba, atadhani ni la kunyweshea ng'ombe. Usiku kijito hulijaza. Asubuhi huzibuliwa, na maji hushuka kwenye mfereji kwenda kwa mwenye zamu. Kila mwaka masika yakiisha, bwawa hukaushwa ili tope lililojaa chini litolewe. Kazi hiyo ni ya msaragambo, yaani ya wote: baragumu linalia, na kila nyumba yenye shamba kwenye mfereji inatoa mwanaume wake. Wanaume huvua mashati, huingia kwenye tope hadi mapajani, hujipanga mstari, na makarai hupita mkono kwa mkono mpaka juu ya ukuta. Wanawake hubeba mawe na nyasi za kuzibia, lakini chini hawashuki. Nyumba isiyotoa tope haina zamu ya maji.

Mwanaume wa nyumba yetu alikuwa mimi. Baba alikuwa amekwisha kufariki. Shamba la mahindi na maharage lilikuwa la mama, lipo karibu na mwisho wa mfereji, na bila zamu yetu kiangazi kingelikausha lote.

Mzee aliyesimamia ndiva alikuja nyumbani mwanzoni mwa mwaka, akasimama uani. Alikuwa rika la baba, kwa hiyo na mimi nilimwita baba.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba," alijibu, mikono ameiweka nyuma.

Mama akamtolea kigoda. Hakukaa.

"Mama Mwalimu, sikuja kugombana."

"Basi kaa."

"Nitasimama tu."

"Hata kigoda kina ukoma?"

Mzee akatazama chini. Hakuwa mtu mbaya, na sitamfanya mbaya leo kwa kuwa hayupo kujitetea. Alisema watu wamelalamika, hasa jirani yetu wa chini, ambaye shamba lake linafuata letu na hunywa maji yaliyotoka kwetu. Kwenye tope la ndiva watu hujaa uchafu mpaka kwenye nywele, wanagusana, wanashika makarai yaleyale. Kijana apumzike mpaka apone.

"Na zamu yetu?" mama akauliza.

"Zamu ni ya aliyetoa tope. Sheria hiyo sikuitunga mimi."

"Nitamleta kibarua."

"Kibarua hana shamba kwenye mfereji. Ukileta mmoja, kesho watu wote watakaa nyumbani walete vibarua."

"Kwa hiyo mnamkataza asije, halafu mnatunyima maji kwa kuwa hakuja."

"Apone tu, Mama Mwalimu. Masika bado hayajaanza. Ana muda."

Hivyo ndivyo nilivyopewa kazi ya kupona kabla ya masika kuisha. Niliichukua kama mtihani. Nilikuwa nimefaulu mitihani yote niliyowahi kufanya, sikuona kwa nini huu unishinde.

Mama alikuwa ameanza kabla yangu. Alinipaka mafuta ya mbarika yaliyochanganywa na mafuta ya kondoo, akanifunga vitambaa, asubuhi magamba yakawa laini yakatoka kwa maji ya uvuguvugu bila damu. Ngozi chini ilibaki nyekundu, lakini haikuwasha sana. Mimi nikasema hii si dawa, hii ni kupika nyama. Nilinuka kondoo darasani, nikaacha. Kisha shangazi akanipeleka kwa mganga, aliyesema nimekula kitu cha mwiko wa ukoo huko shuleni, akanipa majani ya kuogea yaliyonichubua, na akanikataza nyama ya mbuzi kabla hajatuomba mbuzi. Nikateremka Same hospitalini.

Daktari alikuwa Mhindi wa makamo, mchovu, mwenye Kiswahili cha haraka. Aliniambia nifumbe macho. Akanigusa kwa unyoya wa kuku, mara kwenye baka, mara pembeni yake.

"Unasikia?"

"Nasikia."

"Wapi?"

"Goti la kulia. Sasa kiwiko. Sasa mgongoni."

Akachukua pini. Niliruka kabla hajauliza.

"Fumbua. Huu si ukoma. Mwenye ukoma baka lake limekufa, halisikii. Lako linasikia kuliko mimi ninavyosikia kelele za wagonjwa huko nje." Akanitajia jina la Kizungu, soriasisi. Haiambukizi, alisema; haipiti kwa tope, wala kwa maji, wala kwa mkono. "Katika ukoo wenu hakuna mwingine?"

Nikakumbuka babu mzaa mama, aliyekuwa akijikuna kwa gunzi la mahindi, nasi tukicheka.

"Nitapona lini?"

"Hutapona."

"Hakuna dawa?"

"Dawa zipo. Kupona ndiko hakuna."

Nilikasirika kana kwamba amenitukana. Yeye akaendelea tu, anahesabu kwa vidole. Kuna marhamu ya lami ya makaa ya mawe, unapaka jioni, inanuka, inachafua shuka, inatuliza. Kuna marhamu ya kulainisha magamba, na kama sina hiyo, mafuta yoyote ya kupikia yatafanya nusu ya kazi yake. Kuna matone ya sumu ya aseniki ambayo madaktari wa zamani waliyapenda: ngozi inatakata, ini linaharibika, hayo hatanipa hata nikilia. Na kuna jua.

"Wewe unakaa wapi? Juu, kwenye ukungu? Na hilo shati unalivaa kila siku? Teremka tambarare, livue, fanya kazi asubuhi jua likikupiga, usiungue. Ukirudi ukungu, mabaka yatarudi. Basi utateremka tena."

"Maisha yangu yote?"

"Unakula kila siku, maisha yako yote. Hulalamiki."

Nimeishi na maneno yale muda mrefu kuliko alivyoishi yeye. Mjukuu wangu mmoja anayo ngozi hii. Wamempeleka hospitali kubwa, amepewa vidonge, marhamu safi isiyonuka, na anasimama ndani ya kasha lenye taa linalofanya kazi ya jua. Ninafurahi kwa ajili yake. Lakini juzi alinijia analia kwamba daktari wake, binti mdogo tu, amemwambia haiponi. Nikamwambia afadhali yeye ameambiwa na mtu mwenye sauti nzuri. Nikamwambia pia asije akanunua kwa wachuuzi wa stendi chupa iliyoandikwa kwamba inamaliza kabisa, kwa sababu babu yake alitafuta cha kumaliza kabisa, na karibu kimmalize yeye.

Marhamu ya lami niliyopewa ilikuwa kikopo kidogo. Niliitumia, mabaka yakaanza kusinyaa, nikaona nimeshinda. Kikopo kikaisha. Hospitalini wakasema mzigo haujafika, nisubiri. Masika yalikuwa yameanza kunyesha, na mimi sikuwa na subira. Nikiwa napita stesheni ya reli nikaona pipa la lami waliyokuwa wakipaka chini ya tangi la maji. Lami ni lami, nikajiambia. Nikamwomba fundi kopo moja, akanipa huku anashangaa. Ilikuwa nzito mno kupaka, na hapa ndipo elimu yangu iliponiangusha: nilikuwa nimesoma kemia, nikajua kwamba lami huyeyushwa kwa mafuta ya taa. Nikaichanganya vizuri kabisa, nikajipaka viwiko, magoti na mgongo, nikalala.

Sikulala. Ngozi iliwaka, ikavimba, ikatoa malengelenge, na lami ikagoma kutoka. Mama alinikuta nimekaa kwenye beseni natetemeka.

"Umejipaka nini?"

"Dawa."

Akanusa. "Umejipaka lami kama debe linalovuja! Hiyo ndiyo sekondari?"

Alinitoa lami ile kwa mafuta yake ya mbarika na ya kondoo, yaleyale niliyoyacheka, taratibu, huku ananisema mfululizo mpaka na yeye akachoka. Nilikuwa mtu mzima mwenye mshahara na nililia kama mtoto. Mpaka leo goti langu la kulia lina kovu la lami, na nikilitazama sisemi ni ugonjwa. Ni mimi.

Likizo ya shule ilipofika, ngozi ikiwa imefunga, nilishuka Kisiwani, kijiji cha tambarare, kwa mjomba, mdogo wa mama. Kule mvua ni haba, joto linakushika kabla hujamaliza kuteremka. Mjomba alikuwa na shamba na ng'ombe wachache, na alikuwa na mdomo.

"Vua shati," aliniambia.

"Watu wataona."

"Watu gani? Ng'ombe? Hawa hawajui kusoma, hawatajua wewe ni mwalimu."

Nikavua. Nililima naye asubuhi, jua likipanda nikaingia kivulini, jioni nikajipaka mafuta aliyonipa mama. Majirani wa mjomba waliniona, wakaniuliza, mjomba akawajibu, "Ni ngozi ya babu yake, kamrithi. Mali nyingine hatukumwachia." Wakacheka, wakanipa mkono. Baada ya majuma machache magamba yalikwisha kudondoka. Wekundu ulilala. Palipokuwa na mabaka pakawa laini, pepesi, pamepauka.

Pamepauka. Hapo ndipo nilipofikwa na jambo ambalo daktari hakunionya. Mabaka yaliyotulia yaliacha alama nyeupe juu ya ngozi nyeusi, na alama nyeupe bapa ndiyo ambayo kila mtu milimani aliijua kuwa ni ukoma. Nilipokuwa na magamba walinishuku. Sasa nimetulia kuliko nilivyowahi kuwa, na ndipo nilipofanana kabisa na wenye ukoma.

"Unafanana na ng'ombe wangu wa madoa," mjomba alisema akiniaga. "Tofauti ni kwamba yeye ana maziwa."

Mama aliponiona aliniinua mkono, akaugeuza. Kisha akasema, "Yamelala."

"Yamekuwa meupe."

"Naona. Sijapofuka."

"Watasema nimezidi."

"Kwani walikuwa wamenyamaza?"

Nilikaa na jambo hilo mpaka masika yakakatika. Ningeweza kusubiri kiangazi kingine alama zikolee. Ningeweza kwenda na shati, ila mwanaume mwenye shati ndani ya ndiva ni kichekesho, na zaidi ya hapo nilikuwa nimelichoka. Kisiwani nilikuwa nimeonja upepo mgongoni. Baragumu lilipolia, nilichukua karai, nikatoka na kaptura peke yake. Sikwenda kwa sababu nimepona. Nilikwenda kwa sababu nilijua sitapona, na maharage ya mama yalikuwa tayari yametoa maua.

Wanaume walikuwa wameshajipanga ndani. Jirani wa chini aliniona kwanza.

"Huyo anakwenda wapi?"

"Kwenye tope," nikajibu.

"Mzee, si ulimkataza? Mtazameni! Amekuwa na mabaka kama chui!"

Mzee akaja ukingoni. "Mwanangu, tulikubaliana upone kwanza."

"Baba, sitapona," nikasema, na nilisema kwa sauti ili wote wasikie. "Daktari ameniambia, na mimi sasa nawaambia ninyi. Huu si ukoma, hauambukizi, na hautoki. Mwaka huu ni hivi, mwakani nitakuwa na magamba tena. Kama zamu yetu inasubiri nipone, basi mmetunyang'anya zamu, semeni hivyo."

"Tutajuaje kwamba hauambukizi?" jirani akauliza.

"Mama yangu ananipaka mafuta kwa mikono yake tangu ulipoanza. Kamtazame mikono."

Nikashuka. Tope lilikuwa la baridi, zito, likanishika mapajani. Nikasimama kwenye mstari, na mstari ukakatika. Wa kushoto kwangu akasogea, wa kulia akasogea, nikabaki peke yangu na nafasi pande zote mbili ambazo karai lisingeweza kuvuka bila kurushwa. Nikajaza karai langu. Nikalibeba mwenyewe mpaka ukutani, nikalimwaga, nikarudi. Nikajaza tena. Makarai ya wengine yalikuwa yamesimama. Ukitaka kujua aibu, jaribu kufanya kazi ya wengi ukiwa peke yako huku wengi wanatazama. Lakini sikuona aibu. Niliona hasira tamu, na mgongo wangu ulikuwa kwenye jua, na nilijiambia nitalimaliza bwawa hili hata mpaka Krismasi.

Kisha nikasikia wanawake wakiguta. Mama alikuwa ametua mawe yake, amekaza kanga kiunoni, na anashuka ukutani.

"Mama Mwalimu!" mzee akapiga kelele. "Mwanamke hashuki humo!"

"Nanyi hamtaki kusimama. Asimame nani?"

"Toka!"

"Nitatoka akisimama mwanaume hapa." Akaingia kwenye tope hadi magotini, akanyoosha mikono. "Lete karai, mwanangu."

Nilimpa. Nimejutia mambo mengi, na hilo ni mojawapo: kwamba nilimpa. Alikuwa amechoka, magoti yake yalikuwa yanamuuma tangu masika, na mimi nilikuwa na kiburi cha ushindi, nikamtumia kama fimbo ya kuwachapia wenzangu. Angeweza kuteleza. Nilipaswa kumwambia atoke, nibebe mwenyewe. Lakini sitadanganya kwamba haikufaa kitu. Kumwona mjane yule kwenye tope kuliwashinda. Kijana mmoja niliyechunga naye mbuzi tangu utotoni, ambaye mwaka huo alikuwa akipita njia nyingine akiniona, akatoka upande wa pili wa bwawa anavuta miguu.

"Toka, mama," akasema. "Nitasimama mimi. Nikiota magamba, utanipaka na mimi."

"Utanunua mafuta mwenyewe," mama akamjibu, akamwachia karai.

Watu wakacheka. Kicheko kile kilifanya kazi ambayo hotuba yangu haikuifanya. Upande wa pili akaja mwingine, bila kunitazama, akanyoosha mikono. Makarai yakaanza kupita. Jirani wa chini alikwenda kusimama mbali kabisa, mwanzo wa mstari, ambako makarai matupu ndiyo yaliyomfikia baada ya kupita kwangu. Nadhani hakuliwaza hilo.

Sitasema kwamba kila mtu alibadilika siku ile. Wapo ambao hawakunipa mkono mpaka walipokufa. Kipupwe kiliporudi na magamba yalirudi kama daktari alivyosema, nami nikateremka Kisiwani kama alivyosema, na nimekuwa nikiteremka hivyo kwa miaka mingi kuliko ninavyopenda kuhesabu. Shati la mikono mirefu sikulivaa tena, isipokuwa kwa baridi. Wanafunzi waliniuliza darasani, nikawajibu, tukaendelea na hesabu.

Zamu yetu ilifika. Mzee aliitaja pale ndivani mbele ya watu, kwa sauti ya kawaida, kama alivyotaja za wengine, na asubuhi nilikwenda shambani kuyasubiri maji. Yalikuja yakisukuma majani makavu na vumbi mbele yake, yakaingia kwenye mifuo ya kati ya matuta, na udongo ukaanza kutoa ile sauti ya kunywa. Mama alikuwa upande wa juu akifungua na kufunga vijia kwa jembe. Jioni ilipokaribia nilikuwa nimeinama mlangoni mwa mfereji, nimeshika bonge la udongo, nilipoona kivuli cha mtu. Alikuwa jirani wa chini, na jembe lake begani.

"Jua limefika wapi?" akauliza.

"Bado."

"Bado nini? Zamu yako inaisha jua likigusa kile kilima. Limekwisha kugusa!"

"Halijagusa. Una macho ya kuazima?"

"Mwalimu, usinifundishe jua! Maharage yangu yanakufa na wewe unanywesha mpaka njia! Funga!"

"Ukinifungia kabla ya wakati nitakupeleka kwa mzee."

"Nipeleke! Twende sasa hivi! Kesi hii nitaishinda hata mbele ya bwana DC!"

Alikuwa ametema mate kwa hasira, ameniinamia uso kwa uso. Sijui kama kuna watu wanaopenda kesi kama sisi Wapare. Akaona sifungi, akatupa jembe, akaingia mferejini, akasukuma mikono yangu yenye mabaka kwa mikono yake, akaninyang'anya lile bonge la udongo na kulikandamiza mlangoni, huku mimi ninalivuta na yeye analisukuma, tope likiturukia wote wawili mpaka machoni, tukigombana kama majirani wawili wazima.